Nani Anaila Manispaa ya Vumbani

Nimeagizwa niandike historia na jiografia ya manispaa yetu, kurasa zisizozidi tano, lugha nyepesi, bila malalamiko. Hayo maneno mawili ya mwisho yamepigiwa mstari kwa wino mwekundu. Mimi ni katibu wa manispaa mwaka wa ishirini na mbili huu, mtumishi mtiifu, sina tabia ya kulalamika. Nitaeleza tu yaliyotokea, na mtu akikasirika njiani, hilo ni shauri lake.

Manispaa inaitwa Vumbani-sur-Mer. Vumbani ni jina letu wenyewe, la tangu na tangu. Hilo jingine ni Kifaransa, maana yake kando ya bahari, na tuliongezewa na kapteni mmoja wa Kizungu aliyeshuka pwani kutafuta maji ya kunywa. Alikuta watu wamekaa hapa karne tano, wana misikiti miwili, soko, na mashamba ya karafuu, akawatangazia kwamba amewagundua. Wenyeji wakampa maji. Akanywa, akaandika jina kwenye daftari, akasimika bendera, na kabla ya adhuhuri tukawa chini yake.

Uhuru ulikuja siku ya Jumanne. Jumatano tulifungua ofisi tukakuta muhuri ni uleule, fomu ni zilezile, na lugha ya fomu ni ileile. Nyumbani, sokoni, msikitini, kwenye ugomvi na kwenye mapenzi, sisi husema Kiswahili. Ofisini ni Kifaransa. Hata ukimwona waziri amejikwaa ngazi za wizara, ataguna kwa Kifaransa mpaka afike nje ya geti, huko ndiko atakakomwita mama yake.

Jiografia yetu ni fupi, na kila mwaka inazidi kufupika. Mashariki kuna kilima, na juu ya kilima kuna nyumba ya meya. Kusini kuna mwamba usio na kazi. Kaskazini tunapakana na manispaa ya Bonsekuri, mpaka ni kijito na jiwe jeupe lenye namba. Magharibi ni bahari. Kwenye ramani ya serikali, kati ya soko na bahari pana uwanja wa mpira, mtaa wa wasusi wa mikeka na minazi mia mbili. Ukienda leo na ramani hiyo mkononi utalowa mpaka kifuani kabla hujafika mtaa wa wasusi.

Kilichobaki upande huo ni nyumba ya wazazi: vyumba viwili, vitanda sita, na paa la bati linaloimba mvua ikinyesha. Humo ndimo wanawake wote wa Vumbani hujifungulia, kwa sababu hakuna pengine. Mkunga wake ni Mama Nuriati. Ni mwanamke mfupi, mkali, ana mikono mikubwa kuliko yangu, na amewapokea karibu watu wote wa manispaa hii walio chini ya miaka thelathini. Kila Ijumaa hupima kwa miguu yake kutoka mlangoni hadi majini. Mwaka juzi zilikuwa hatua arubaini. Mwezi wa kumi na moja mwaka jana alikuja ofisini kwangu, akakaa bila kukaribishwa, akasema ni kumi na tisa, na bamvua kubwa la mwezi wa tatu, yale maji makuu ya mwezi mpevu, likija bila ukuta, nyumba haitakuwepo. Nilimwelewa haraka kuliko kawaida yangu. Binti yangu Toyiba alikuwa na mimba ya miezi mitano, na nilikuwa nimeshahesabu: mwezi wa tatu, sawasawa na bamvua.

Sasa hapa inanibidi nieleze dikte, maana mgeni hawezi kutuelewa bila dikte. Dikte ni mtu kusomewa maneno naye ayaandike bila kukosea. Kwingine ni zoezi la watoto wa shule. Kwetu ndiyo nguzo ya dola. Kwa dikte unapata kazi, kwa dikte unapandishwa cheo, na balozi hawezi kwenda nje mpaka aandike ukurasa mzima mbele ya Rais bila kufuta. Jambo la dharura kutoka manispaa halitumwi kwa barua, kwa sababu barua yoyote anaweza kuiandika yeyote. Linasomwa kwa simu, na huko makao makuu Karani Mkuu wa Mapokezi analiandika kwa kusikia. Lililoandikwa kwa dikte halisahihishwi ila kwa dikte nyingine. Na ni marufuku kumtajia Karani Mkuu herufi mojamoja, kwani hilo ni kumwambia hajui kuandika. Karani Mkuu ni Bwana Teofili Rajabu, bingwa wa dikte wa taifa miaka kumi na mmoja mfululizo. Sijawahi kumwona uso, ila namjua kikohozi.

Tena Kifaransa kina ugonjwa mmoja ambao hatukuambiwa wakati wa kukipokea. Bahari huandikwa mer. Meya huandikwa maire. Mama huandikwa mère. Kwenye karatasi ni watu watatu mbalimbali. Mdomoni ni mmoja: mer, mer na mer.

Basi nilipiga simu nikasoma taarifa niliyoitunga kwa siku mbili. Ilianza hivi: La mer mange la commune. Yaani bahari inaila manispaa. Bwana Teofili akakohoa, akaandika, akasema atakuwa na maswali. Baada ya wiki mbili akanipigia. Akauliza mer ilianza kula lini. Nikamwambia tangu zamani, ila miaka kumi hii imepita kiasi. Akauliza inakula saa ngapi. Nikasema saa zote, lakini hasa mwezi ukiwa mpevu. Akataka kujua inakula nini, nikamtajia: ilianza na mchanga, ikaja minazi, ikaja uwanja wa mpira, na juzi imekula choo cha shule. Hapo akaniuliza kama nina uhakika na choo. Nikasema nilishuhudia kwa macho yangu. Akauliza kama wananchi wamejaribu kuzungumza nayo. Niliona swali la kishairi, lakini wakubwa wana namna zao, nikajibu kwamba mer haisikii la mtu. Mwisho akauliza itazuilika kwa kitu gani. Nikasema mawe, mawe makubwa, mengi, na upesi. Kalamu yake ikasimama.

"Na wananchi wako tayari kutumia mawe?" akauliza.

"Tangu mwaka jana," nikasema. "Tunangoja ruhusa yenu tu."

Niliweka simu chini nikijiona mtu wa maana. Nilimwambia Mama Nuriati makao makuu yamelichukua suala letu kwa uzito, maana nilisikia kwa masikio yangu mwenyewe mtu akihema.

Inspekta alikuja mwezi wa kwanza, na askari wawili, na hati iliyopigwa mihuri minne. Meya wetu, Mheshimiwa Severini Madi, alidhani ni ugeni wa heri, akasimama sokoni na shada la maua na ngoma za kukodi. Inspekta akafungua hati akasoma kwa sauti. Kwa Kifaransa cha kusikiliza hakuna aliyeshtuka. Ila hati ilipobandikwa ukutani na watu wanaojua kusoma wakaisogelea, wapiga ngoma wakaacha kupiga. Ilisema kwamba serikali imepokea malalamiko ya Vumbani-sur-Maire, yaani Vumbani juu ya Meya, kuwa meya anaila manispaa yake tangu zamani, hasa mwezi mpevu, na kwamba ameshafika chooni.

Mheshimiwa Severini alisoma mara mbili. Shada likamlegea. Kisha akapanda juu ya kreti la soda akatoa hotuba, naye hotuba ndiyo fani yake.

"Wananchi wa Vumbani, mimi nimeila manispaa hii? Kwa meno yapi? Nimekula ninachostahili kwa mujibu wa cheo, kwa wakati wake, na kwa unyenyekevu. Lakini choo cha shule? Mimi, Severini, mtoto wa mwalimu?"

Hakuna aliyemtetea. Na sikilizeni, si kwamba watu walijua ni kosa la maandishi. Wengi walidhani serikali hatimaye imefungua macho. Kuna mama mmoja muuza mihogo alilia kwa furaha, na sikuwa na moyo wa kumwambia ukweli.

Inspekta aliwatuliza wote. Akasema hakuna anayemshitaki mheshimiwa, kula kwa meya ni jambo la kimaumbile na serikali haipambani na maumbile. Kilichotisha makao makuu ni yale mawe. Kwa hiyo serikali imeidhinisha ukuta wa kinga, urefu wa mita tatu, kuzunguka nyumba ya meya kilimani, ili meya asiweze kuwafikia wananchi kirahisi na mawe yasiweze kumfikia meya. Nikamvuta pembeni. Nikamweleza taratibu, kwa heshima zote, kwamba mer tuliyoisema ni ile ya majini. Akanitazama kwa huruma akasema yeye ni inspekta wa kuta, mambo ya tahajia yana wenyewe, na dikte husahihishwa kwa dikte.

Mawe yakaja. Malori hamsini na mbili, mawe meusi, mazuri, ya ukubwa uleule niliouomba. Na kwa kuwa Vumbani ina barabara moja tu, malori yote yalipita mbele ya nyumba ya wazazi, mita chache kutoka majini, yakakata kona yakapanda kilimani. Mama Nuriati alisimama mlangoni siku ya kwanza akamwomba dereva amwage lori moja tu hapo, moja, atasema liliharibika. Dereva alikuwa mtu wa kistaarabu. Alishuka, akamwamkia, akamwonyesha karatasi: kila jiwe lilikuwa limeshapewa namba na mahali pake. Jioni ile hatua zilikuwa kumi na moja, na mimi nilirudi nyumbani nikashindwa kula.

Meya wiki ya kwanza alinuna. Wiki ya pili akagundua kuwa mtu aliyeko nyuma ya ukuta wa mita tatu hagongewi mlango na wajane, wala walimu, wala watu wa maji. Wiki ya tatu akaagiza vipande vya chupa viwekwe juu. Nilipompelekea taarifa ya kusahihisha ili asaini, aliisoma akiwa amekaa kivulini, akaniuliza kama masahihisho hayo yataugusa ukuta. Nikamwambia ukweli, kwamba mawe yatabidi yashuke. Akasema basi hasaini, labda niandike kwa namna ambayo bahari itazuiliwa bila kuhamisha kitu chochote. Jamani. Nilitoka pale nikijisemea peke yangu barabarani, mtu mzima mwenye suti.

Sheria inamruhusu katibu kusoma dikte bila saini ya meya mara moja tu katika utumishi wake. Nilikuwa nimeitunza nafasi hiyo miaka ishirini na miwili, sijui kwa ajili gani. Nikaitumia.

Nilimwambia Bwana Teofili kwamba mer haikuwa meya. Akasema haiwezekani. Nikajaribu kusema océan, yaani bahari kuu, akanikatiza: katiba inaitambua nchi yetu kuwa na mer, hizo océan ni za mataifa makubwa. Nikasema mer ya samaki. Akaniuliza tangu lini meya wenu amekuwa mvuvi. Nikasema mer ya chumvi, akasema ladha ya kiongozi si suala la mapokezi. Herufi siruhusiwi kutaja, na muda wa dikte ulikuwa unakwisha. Ndipo nikakumbuka kwamba kwa Kifaransa kila kitu kina jinsia, meza ni ya kike, kitanda ni cha kiume, na bahari, kwa sababu wanazozijua wenyewe, ni ya kike.

"Ni ya kike," nikasema. "La mer. La, Bwana Teofili. Ya kike."

Nikasikia kiti kikilia upande wa pili. Akacheka, kicheko cha mtu aliyetua mzigo. Akasema sasa ameelewa. Akaniambia kwamba hata mara ya kwanza alinisikia nikisema la, akadhani ni Kifaransa cha mikoani, akanisahihishia jinsia kwa kunistiri. Aliniomba radhi. Bingwa wa taifa akaniomba radhi mimi, katibu wa Vumbani. Nilikwenda nyumbani nikachinja jogoo, nikamwambia Toyiba ale ashibe, mambo yamekwisha.

Hati ya pili ililetwa na askari mmoja tu, tena kijana wa hapahapa. Ilisema uchunguzi mpya umethibitisha kwamba anayeila manispaa si meya bali ni mama, la mère. Serikali ilikuwa imepitia orodha ya watumishi wa Vumbani na kukuta mmoja tu aliyesajiliwa kwa cheo hicho: Mama Nuriati, wa nyumba ya wazazi.

Orodha hiyo niliiandika mimi. Wengine wote niliwaandika majina yao kavu, lakini yeye nikashindwa. Amempokea binti yangu, alimfumba macho mama yangu alipofariki. Nani angemwandika Nuriati tu, kama mtu wa kuokota njiani? Nikaandika Mama, kwa adabu, na kwa Kifaransa Mère, na sasa adabu yangu ilikuwa imepigwa mihuri minne. Aliamriwa atoke katika mipaka ya manispaa kabla ya mwisho wa mwezi wa pili. Nyumba ifungwe kwa kufuli na lakiri, ili manispaa isiendelee kuliwa.

Nilidhani atapiga kelele. Alikausha mikono kwenye kanga, akaichukua karatasi, akaitazama kwa muda ingawa Kifaransa hajui.

"Katibu," akasema, "hawa wote nimewapokea mimi. Hata huyu aliyeileta. Alikuja kwa kutanguliza miguu, nikahangaika naye toka alfajiri mpaka magharibi."

Yule askari akatazama viatu vyake. Kisha akafunga mlango, akatia kufuli, akabandika lakiri, kwa sababu naye ana bosi. Mimi nilisimama pale na kalamu mfukoni. Nilijichukia, na ninaandika hivyo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa.

Mama Nuriati alivuka kijito akaweka turubai upande wa Bonsekuri, hatua tatu kupita jiwe jeupe. Alikuwa na ndoo, mkeka, sufuria ya kuchemshia maji na taa. Hakuwa ndani ya mipaka yetu, kwa hiyo hakuna hati iliyovunjwa. Mwanamke wa Vumbani akishikwa na uchungu, sasa ilibidi avuke maji ndipo azae.

Bamvua lilikuja Alhamisi asubuhi, juu ya mwezi mpevu, kama alivyosema. Maji hayakuwa na haraka. Yalipanda ngazi mbili za baraza, yakaingia chini ya mlango, na saa nne ukuta wa magharibi ukakaa chini taratibu. Vitanda vilitoka kimoja kimoja. Mlango uliondoka na kufuli yake na lakiri yake nyekundu, mzima kabisa, haukuvunjwa na mtu. Sisi tulikuwa barabarani tumeshika vichwa. Huko kilimani ukuta wa meya ulikuwa umesimama imara, mkavu, na vipande vya chupa vinameremeta.

Toyiba alishikwa na uchungu palepale, akitazama. Kijito kilikuwa kimejaa. Mumewe na mimi tulimbeba kwenye kiti, maji yakatufika kiunoni, na Mama Nuriati akatujia mpaka katikati akamshika miguu. Toyiba alizaa mtoto wa kike, salama. Wanawake wengine wawili walishikwa siku hiyo. Mmoja alijifungulia njiani, naye na mtoto wako hai. Mwingine alikuwa Hairiya, fundi wa kushona nguo karibu na soko, mimba yake ya kwanza, na hakuwahi kuvuka. Hayo mengine sitayaandika, kwa sababu nimekatazwa malalamiko.

Jumatatu simu ikalia. Ilikuwa Bwana Teofili, mchangamfu. Alisema kwa kuwa mama ameshaondolewa, nyumba yake imefungwa, na kwa kuwa kwenye orodha ya serikali hakuna tena jengo la Vumbani lililo hatarini, anafunga faili letu, na makao makuu yanatupongeza. Anahitaji tu dikte fupi ya kuthibitisha. Akauliza, kwa ajili ya kumbukumbu, kama mer bado inakula.

Nilifungua mdomo niseme Kifaransa, kikagoma kutoka. Wallahi kiligoma. Miaka ishirini na miwili nimekisema kwenye simu ile, na siku hiyo nikasema nilichokuwa nacho.

"Bahari," nikasema. "Bahari, Bwana Teofili. Maji. Bahari imekula nyumba ya wazazi. Hairiya amekufa."

Upande wa pili kikohozi hakikuja. Halafu ikaja sauti ambayo sikuwahi kuisikia, ya chini, Kiswahili cha pwani kabisa, cha mtu aliyelelewa kwa bibi.

"Bahari? Subhanallah. Poleni, ndugu yangu, poleni sana. Sasa mbona hamkusema tangu mwanzo?"

Nilimsikia akihema, nikasikia kalamu ikifunguliwa, ikakaa juu ya karatasi kwa muda mrefu, kisha ikafungwa. Akakohoa. Akarudi kwenye Kifaransa chake cha ubingwa, akasema samahani, laini ilikuwa na kelele, hakupata hata neno moja, tafadhali nirudie.

Nikarudia. Nilirudia kwa Kiswahili mara tatu, polepole, na mara zote tatu akaniambia laini ina kelele.